Wa Nne Ndiye Anayeziona Soli

Mwaka jana nilirudi Guangzhou, nikaenda moja kwa moja hadi kichochoro cha nyuma ya soko la viatu, karibu na stesheni ya reli. Sikwenda kununua. Siku hizi, ndugu yangu, nikitaka mzigo nabonyeza simu tu, unakuja. Nilikwenda kusikiliza. Zamani kichochoro kile kilikuwa na sauti yake: krraaa, krraaa, selotepu ikivutwa juu ya maboksi tangu asubuhi, na matoroli yakilia kama bata. Nilikuta kimya, na mlinzi mmoja kwenye kiti cha plastiki.

Watu husema utoto huisha ukiota ndevu. Wangu ulianza nikiwa nazo tayari, pale pale, miaka ile ambayo kila mwenye pasipoti Kariakoo alikuwa anaiwaza China. Nilikuwa na darasa la saba, begi moja na mdomo mwingi. Nikila wali na sombe, kisamvu chao, kwa Wakongo wa mtaa wa Dengfeng, niliwatangazia wote kwamba kiatu nakijua kwa kukinusa. Na si uongo: pua yangu mpaka leo inatofautisha gundi mpya na gundi iliyolala, iliyokwisha nguvu.

Mle kichochoroni alikuwepo mama mmoja wa Kihindi, mkaguzi wa viatu wa tajiri wa kwao. Mrefu, mkavu, nywele zimeanza mvi. Aliniita bhai, nami nikamwita didi, maana ndivyo Wahindi wa soko lile walivyoitana kaka na dada. Mchana alifungua kopo lake la bati la ghorofa tatu, dengu, wali, achari ya embe, akanimegea chapati na kunisimulia maisha yake kwa Kiingereza chetu cha kuokoteza. Alizaliwa kijiji cha kando ya reli, akishindana pekupeku na treni ya maziwa. Mwalimu wake akampima kwa saa ya mkononi, akampeleka mjini. Akaiwakilisha nchi yake mbio za mita mia, mpaka fainali ya bara zima, akawa wa nne kwa upana wa kidole. Mwaka uliofuata goti likamfa, madaktari wakamkataza kukimbia tena, na waliokuwa wakimpigia makofi wakamsahau.

"Wa nne ndiye anayeziona soli za wenzake," aliniambia huku akitafuna. "Tangu siku ile macho yangu yako chini tu."

Basi ikafika siku ya mzigo wangu wa kwanza, raba za wanafunzi. Mama yangu alikuwa ameuza kiwanja, kitu pekee alichoachiwa na marehemu baba, kwa ajili ya raba zile. Nikafungua maboksi ya safu ya juu, nikanusa, nikaridhika. Lori lilikuwa limeshawashwa.

"Bhai, umezikimbia? Umezivaa ukazipima kwa mbio?"

"Didi, mimi nauza, sikimbii."

"Sawa. Na watoto wa kwenu watakwenda nazo shule wakizinusa?"

Wakongo wawili wa duka la jirani wakacheka hadi wakashikana mabega. Yeye akachomoa boksi la safu ya chini kabisa, katikati. Laobani, ndivyo tulivyomwita bosi mwenye duka, akapunga mkono: meiyou, meiyou, hakuna muda. Didi akavua ndala, akavaa raba, akatembea hadi mwisho wa kichochoro, akachuchumaa vidole vikigusa saruji.

"Goti lako, didi," nikasema.

"Goti ni langu. Kiwanja ni cha mama yako."

Akaja. Nimeona mengi duniani, nimepanda ndege kama wewe unavyopanda ngazi, lakini sijaona kitu kama kile tena. Matoroli yalisimama. Selotepu zilinyamaza. Mama wa miaka hamsini alipita kama upepo wa feni kubwa, na alipojaribu kusimama soli ya kulia ikafunguka kama mdomo wa samaki, akajigonga ukutani, akateleza chini ameshika goti.

Hakulia. Aliivua ile raba, akamwekea laobani mezani. Tukafungua maboksi yote. Safu ya juu ilikuwa imara, za chini zilibandikwa kwa gundi iliyolala. Laobani, uso umemwiva kwa aibu, akazirudisha kiwandani zote, na wiki ya pili yake nikapakia raba ambazo nilizikimbia mwenyewe, jozi moja ya kila boksi, huku didi akinisimamia ameegemea fimbo; kila nilipofika mwisho niliinua mguu nyuma, naye akainama kuitazama soli.

Alichechemea mpaka aliporudi kwao. Namba yake ikafa, kama namba nyingi za miaka ile. Mimi leo nina maduka manne, na mama amejengewa nyumba mjini. Hakuna raba inayoingia kwangu bila kukimbiwa. Nikijisifu, na najisifu sana, najua ni goti la nani ninalosimamia.

Basi mwaka jana pale nikavua viatu vyangu vya ngozi, nikavaa raba niliyokuja nayo, nikakimbia na kitambi changu kichochoro chote. Mlinzi akainuka akidhani nimeiba. Nikafika mwisho nikihema, nikainua mguu nyuma kama zamani, nikasubiri. Hakukuwa na mtu wa kuinama aitazame soli.