Makofi Kumi na Mawili ya Mjerumani

Shughuli yote ilinigharimu meno mawili, ubavu mmoja na shati ambalo sikuwahi kulivaa mara ya pili. Meno nimeyahesabu mara mbili, kwa ulimi kisha kwa kidole. Hayajaongezeka.

Mimi ni dalali wa vyumba, Kisauni. Yule mzee wa Kijerumani nilimtafutia chumba cha uani, na pamoja na kodi nikapata hadithi yake. Televisheni ya kwao ilipokuwa bado changa, naye hajaota ndevu, kazi yake ilikuwa kupigwa makofi. Nyota anaimba, yeye anaingia na vikombe, anazabwa, anaanguka, watu wanacheka. Miaka saba. Vipindi vilirushwa papo hapo na havikuhifadhiwa. Ushahidi aliobaki nao ni taya lililopinda.

Sasa hoteli moja ya Bamburi ilikubali kumtazama Ijumaa, ione kama mchezo wake bado unafaa. Alikosa mtu wa kumpiga, akaniomba mimi, tuanze na mazoezi chumbani kwake.

"Makofi ishirini," akasema.

"Sita, mzee."

"Kwa sita hacheki hata mtoto."

Tukakutana kumi na mawili.

Siri yake ni kwamba kofi likikaribia, uso unakwenda na mkono, naye anajipiga paja ili mlio utoke huko. Lakini alikuwa anakaribia tisini, na jicho la kushoto lilishaaga. Kofi la nne lilimpata kweli. Damu ikamtoka puani.

"Safi! Endelea!"

Nikaendelea. Mapatano ni mapatano.

Nilichosahau ni mlango, uliokuwa wazi saa nne asubuhi. Jirani yetu muuza mahamri alikuwa amesimama pale, beseni kichwani, akinitazama nikitoa la saba.

"Jamani njooni! Huyu hana radhi! Anampiga mzee wa watu!"

Akatua beseni. Kwetu mwizi huulizwa jina kwanza. Anayempiga mzee haulizwi kitu. Walikuja tisa, nilipohesabu tena nikiwa chini, walikuwa kumi na mmoja. Mwiko, ufagio, mguu wa stuli. Ubavu ukalia kama ukuni mkavu.

"Tunafanya mazoezi!"

"Mazoezi ya kuua?" Teke. Jino la kwanza.

"Muulizeni mwenyewe!" La pili.

Mzee alipiga kelele, hakusikika. Ndipo akabeba lile beseni, akapita katikati yao kwa madaha, akajizaba kofi, akaruka, akaanguka chali. Mahamri yakamnyeshea. Mateke yakakoma. Nikajua amekufa. Akafungua jicho moja, akaokota hamri, akalitafuna.

Muuza mahamri ndiye aliyeanza kucheka. Kisha wote, hata aliyenikaba shingo. Mzee akasimama, akainama mbele yao mara mbili, machozi yakimtoka.

Hoteli ameiambia basi. Anataka kucheza hapa hapa uani, Ijumaa, mbele ya watu hawa hawa, na matano yaliyobaki ananidai kila asubuhi. Muuza mahamri naye kanionya: "Mchezo tumeuelewa, mwanangu. Lakini mkono wako ukimgusa tena, wallahi, meno yaliyobaki utayaokota kwa ufagio."

Nina meno ishirini na sita. Nyinyi mliolea wazee, nishaurini: nimlipe hayo matano?