Mahubiri Yaliyofunikwa na Kwaya

Babu yangu, katekista wa Uru, enzi za uhai wake alihubiri waziwazi kwamba mjane asifukuzwe kwenye kihamba, yaani shamba la ukoo, cha marehemu mumewe. Juzi nilipeleka mkanda wa video wa mahubiri hayo studio mjini, ukahamishiwe kwenye kompyuta. Kumbe mpiga video aliyeurekodi siku ile, kwa mazoea ya wapiga video ya kupamba mikanda ya sherehe, aliifunika sauti yote kwa nyimbo za kwaya. Nikamlaani kimoyomoyo.

Nyumbani nilipomwonyesha bibi, hakulalamika. Alitazama midomo ya mumewe kwenye kioo cha kompyuta, akaanza kuyasema maneno yake taratibu, maana babu alikuwa akiyafanyia mazoezi mbele yake wakichuma kahawa. Nikawasha simu nimrekodi.

Katikati akatabasamu.

“Hapa aliruka maneno niliyompa mimi,” akasema. “Ngoja niyaseme mwenyewe.”