Paka wa Kuazima

Siku yangu ya kwanza kazini, katika zahanati moja huko Masieda, nilimpokea mtoto aliyevaa kofia ya sufu nikampa dawa ya kikohozi. Mganga Mfawidhi, yaani mkuu wa zahanati, akamwita arudi.

"Nesi, umekiona kichwa chake?"

"Amekuja kwa kikohozi, mkuu."

"Mvue kofia."

Chini yake kulikuwa na mapunye, vipara vya mviringo vyenye magamba, nywele zimekatikia kwenye ngozi. Mama yake aliyaficha kwa aibu. "Huku baridi inafunika mengi," mkuu akasema. "Ukikuta kilichofunikwa, kishuku." Tangu hapo nimekuwa mtu wa kushuku, na wanangu wanalijua hilo vizuri.

Nilipohamishiwa Bashay, Muuguzi Kiongozi alinifundisha kumshuku paka. Watu walimwona msafi kwa sababu anajilamba mchana kutwa. "Ng'ombe halali kitandani kwako, paka analala," alikuwa akisema. Fangasi wa ngozi, vimelea visivyoonekana kwa macho, wanaweza kukaa kwenye manyoya ya paka bila kumsumbua, kisha wakamhamia anayempakata. Kichwani mwa mtoto wanaleta mapunye. Mwilini wanaleta mashilingi, mabaka ya duara yenye ukingo ulioinuka na katikati kama pamepona. Viroboto wake nao wanauma vifundo vya miguu. Basi nikawa namuuliza kila anayejikuna analala na nani, na wengine walikasirika kabla sijafika kwenye paka.

Kituo changu cha mwisho kilikuwa Gitting. Hapo alinijia Veronika, mama kijana, na binti yake Neema. Mtoto alikuwa na mapunye kichwa kizima, na mama ana mashilingi shingoni. Nikawapa dawa, lakini Veronika hakuinuka.

"Mama mkwe anasema ni ugonjwa nimeutoa Arusha, nilipokuwa nafanya kazi hotelini. Nimepima, sina kitu, hawaamini. Jumapili ukoo unakaa. Nitarudishwa kwetu Mbulu, Neema abaki."

"Nyumbani mna paka?"

"Hatuna, nesi."

Nilimwangalia usoni na sikuona uongo. Hilo ndilo lililonisumbua, maana ugonjwa ule ulikuwa unanukia paka. Jumapili baada ya ibada nikaenda mwenyewe.

Wazee wa ukoo walikuwa wamekaa uani. Mama Emanueli, yule mama mkwe, alijifunika shuka mpaka kidevuni, na mumewe Veronika aliinamia viatu vyake. Nilimshuku kila mmoja, huyo mume zaidi kwa sababu ya ukimya wake.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba." Hakutoa mkono. Ndani ya shuka kitu kikajinyoosha, kikapiga miayo.

"Mama, mbona Veronika aliniambia hamna paka?"

"Hatuna. Huyu ni wa kuazima. Panya wa mahindi wakiisha, anaenda kwa jirani."

Hapo nikaelewa. Kijijini pale, baada ya mavuno, paka hodari alibebwa kwenye kiroba akapelekwa nyumba hadi nyumba, na hakuna aliyemhesabu kuwa wake. Nikakumbuka watoto wa majirani waliokuja na kofia zao msimu ule.

"Naomba nione mikono yako, mama."

"Umekuja kumwangalia mke wa mwanangu au mimi?"

"Wote."

Alikawia, kisha akaitoa. Mashilingi yalikuwa yamepangana kuanzia kiwiko mpaka kiganjani.

"Hayo ni ya baridi," akasema.

"Na wewe uliyatoa Arusha?" akauliza mzee mmoja. Neema alikuwa akilala na bibi yake, ndani ya shuka ile ile. Nilimgeuza paka: nyuma ya sikio palikuwa na kipara. Veronika alilia kwa sauti, na mimi, niseme ukweli, nilifurahi kwa hasira.

Kikao kikaishia kwenye kugawana dawa. Shuka ilichemshwa, paka akapelekwa kwa ofisa mifugo, na Veronika hakurudishwa kwao. Ila Mama Emanueli hakumwomba radhi. Wenzangu walisema muda utaponya. Ngozi ndiyo niliyoiona ikipona, na nywele za Neema zilirudi nzito.

Siku nilipostaafu, Mama Emanueli alikuja kuniaga na kiroba. Alitoa paka mdogo, wa kijivu.

"Huyu si wa kuazima," akasema. "Ni wako. Nimemkagua nyuma ya masikio."

"Asante, mama."

Akainamisha uso. "Veronika naye amemkagua tena baada yangu. Kila ninachokishika anakikagua. Hata chakula cha mtoto."

 Nikawasha tochi ya simu, na mbele yake nikamkagua paka.