Mkono Kinywani mwa Ng'ombe wa Mama Ireri

Siku yangu ya kwanza kazini, katika ofisi ya mifugo ya Kiritiri, Embu, nilifanya kosa ambalo lingeniua. Nawasimulia ninyi vijana mnaoanza kazi hii kwa sababu najua mnaweza kulirudia, tena kwa moyo mzuri kama mimi.

Nilikuwa nimetoka chuoni juzi tu, koti jeupe limepigwa pasi. Mama Ireri, mfugaji wa upande wa Kiambere, akaja ofisini akihema. "Daktari, ng'ombe yangu imekwamwa na mbegu ya embe. Haimezi hata maji, mate inatoka tu."

Sikuwa daktari, nilikuwa msaidizi wa afya ya mifugo, lakini jina lile lilinipendeza, nikaenda. Ng'ombe alikuwa amesimama uani akinguruma, mate yakining'inia. "Nimeingiza mkono mara mbili," Mama Ireri akasema. "Yangu ni fupi." Wangu ulikuwa mrefu. Nikauzamisha mpaka kiwikoni bila glavu, vidole vimechanwa na miiba ya ua wake. Sikupata mbegu. Nikaahidi kurudi kesho yake, nikaondoka nikijiona mtu wa maana.

Jioni Daktari wa Mifugo wa Wilaya, mkubwa wangu, mtu wa maneno machache, alinisikiliza akinywa chai.

"Tumbo lilifura?"

"Hapana."

"Na sauti?"

"Imekauka, lakini analia sana."

Akaweka kikombe chini. "Aliyekwamwa hufura kwa gesi. Huyo nashuku ana kichaa cha mbwa. Lete huo mkono."

Mimi kichaa cha mbwa nilikijua kwa mbwa mkali anayeuma. Nilisahau kwamba ng'ombe akikipata hupooza koo, na mate yake hupenyeza ugonjwa kwenye mchubuko wowote. Daktari aliniosha mwenyewe kwa sabuni ya mche chini ya mfereji, dakika kumi na tano kwa saa yake, kisha akanipeleka hospitali kudungwa sindano ya kwanza ya kinga. Njiani akanieleza kwamba dalili zikianza hakuna tiba. Nililia bila haya.

"Lia tu," akasema. "Ila kuna mwingine aliyeingiza mkono."

Asubuhi tulimkuta ng'ombe amekufa na majirani wakinoa visu. Daktari akawakataza kula, akachukua sampuli ya maabara, akaagiza shimo refu. Mama Ireri akakataa sindano katakata. "Mimi siko mgonjwa. Mgonjwa ilikuwa ng'ombe, na mnaizika na nyama yake!"

Daktari alieleza mpaka akachoka. Ndipo nikakunja mkono wa blauzi, nikamwonyesha nilipodungwa. "Mama, zimebaki zingine na naogopa. Nikienda peke yangu nitatoroka."

Akaushika mkono wangu, akaugeuza. "Wewe ni mtoto ya watu. Basi nitakusindikiza."

Alinisindikiza mpaka sindano ya mwisho, akidungwa yeye kwanza ili nione haiumi. Majibu ya maabara yalikuja: kichaa cha mbwa. Nilimpenda yule mama tangu hapo.

Baadaye nilihamishiwa Meru, kisha nikarudishwa Embu. Siku za chanjo ya mbwa zilikuwa na vituko vyake. "Hii mbwa si yangu, inakujanga tu," mtu anasema, na mbwa anamlamba miguu. Mama Ireri alikuwa wa kwanza kila mwaka, mbwa wake wamefungwa kamba za katani, akiwafokea majirani kwamba chanjo ya mwaka jana imeisha nguvu. Kabla sijafungua kasha la barafu, anashika mkono wangu wa kulia, anaugeuza. "Bado iko," anasema. Nami naugeuza wake.

Sasa nimestaafu, naishi mtaa wa Majimbo, Embu, na paka wawili, wote wamechanjwa. Mwezi uliopita nilikwenda kumwona. Macho yake hayaoni tena. Sikusema neno, nilimpa mkono tu. Akaupapasa, akaugeuza polepole.

"Daktari," akasema. "Bado tuko."