Neno la Kiingereza Kwenye Ripoti Yangu

Nikisikia harufu ya tofali bichi, mguu wangu wa kushoto unajikunja wenyewe. Nilianguka mbele ya tanuri la shule na tofali nne kichwani, na Mwalimu Kasanda akanichapa palepale chini, wenzangu wakihesabu fimbo. Wanangu sijawasimulia hili. Nyie nawasimulia.

Goti lilikuwa limeshavimba wiki mbili, linawaka kama jiwe la jikoni. Lakini sisi watu wa Kwihara, mtoto hakatai mzigo. Mababu walibeba pembe za ndovu za watu mpaka pwani wakarudi kwa miguu, na baba alivyokuwa akijisifu ungedhani alizibeba yeye. "Mnyamwezi anachoka akishatua," alikuwa akisema. Basi nikabeba.

Siku ya kufunga shule Mwalimu Kasanda akaniandikia kwenye ripoti neno moja: indolent. Baba alijua kusoma Kiswahili tu, akamfuata kuuliza.

"Mzee, binti yako mvivu. Goti anasingizia."

Mama alitaka nipelekwe hospitali, Kitete. Baba akainyanyua ile karatasi. "Mwalimu kaandika. Wewe nani?" Dawa yangu ikawa jembe, mwezi mzima. Tulipofika Kitete usaha ulikuwa umeingia kwenye mfupa. Mguu huu mfupi mpaka leo. Kiatu cha kushoto naongezewa soli kwa fundi.

Ukubwani nikawa mpishi wa padre mmoja mzee, kule Ipuli. Siku moja nikamuuliza lile neno.

"Hilo asili yake Kilatini, mama. In ni si. Dolere ni kuumwa. Asiyeumwa! Waganga wa Kizungu wa zamani waliuita hivyo uvimbe usiouma. Baadaye Waingereza wakambandika jina hilo mtu asiyependa kujisumbua. Nani kakuita hivyo?"

Nikapandisha gauni kidogo, akaona kovu. Ugali wake ukapoa.

Utotoni nilidhani baba hanipendi. Sasa najua aliogopa karatasi, akaiamini kuliko mdomo wa mwanawe. Aliniomba radhi kabla hajafa, nikampa.

Mwalimu Kasanda yu hai, mstaafu, anapokea shikamoo za watu, yangu ikiwemo. Mwalimu, sijaja kutaka uniombe radhi. Siku ile pale tanurini goti langu ulilibonyeza kwa ncha ya fimbo, nikapiga ukelele shule nzima ikageuka, na bado ukaenda kuandika lile neno. Nijibu mbele ya hao hao uliowahesabisha: kwenye ukelele ule ulisikia nini?