Mwayo Ulinipa Uongozi wa Sauti ya Pili, Ukaninyang'anya Shoga

Nimekosa, jamani! Na simsingizii shetani, maana nina hakika hata yeye alikaa pembeni akinishangaa. Jina langu msilitoe. Wateja wangu wa zipu na vifungo pale Kariakoo bado hawajui, na wanaojua kanisani wanatosha.

Mimi ni mwanakwaya, sauti ya pili. Miaka yote nimeimba kwa kukariri: mwalimu anaimba, tunafuata, tunaenda nyumbani. Nota za kwenye karatasi nilikuwa naziona kama sisimizi tu.

Mwaka huu mwalimu wetu akasema basi. Tulialikwa kuimba pamoja na kwaya ya kanisa lingine, na wenzetu wale wanasoma nota. Akatuwekea kila mtu apu kwenye simu. Inakuonyesha nota, unaiimba, yenyewe inasikiliza. Ukipatia, kioo kinawaka kijani. Ukikosea, chekundu.

"Atakayefika mbali ndiye ataongoza sauti ya pili," akasema.

Macho yote kwa Mama Doreen. Huyo alikuwa shoga yangu wa damu, tulikuwa tunatoka mazoezini pamoja kwa miguu hadi Ilala, tunatafuna karanga na kuwasema watu. Yeye ndiye tuliyekuwa tukimfuata wote, bila hata kutangazwa. Nami, Mungu anisamehe, nilikuwa nautamani huo uongozi mpaka usingizi unaniruka.

Basi nikaanza kujifunza dukani, wateja wakipungua. Ndugu yangu, ile apu haikutengenezwa kwa ajili ya Kariakoo! Naimba vizuri kabisa, spika ya duka la mbele inatangaza mashuka, apu inasikia mashuka: chekundu. Bodaboda anapiga honi: chekundu. Nikanyamaza kwa hasira, mtu wa mkokoteni akapita akipiga kelele, "Pisha!" Kijani! Nota niliyoihangaikia asubuhi nzima kaipata mtu wa mkokoteni!

Mchana mmoja nimeshiba wali, nikapiga mwayo mrefu mbele ya simu. Ule unaoanzia chini tumboni unapanda mpaka juu. Kioo kikawaka kijani.

Nikapiga mwingine. Kijani tena!

Hapo ndipo nikaelewa. Apu haikujali umepitia wapi. Ikisikia tu nota yake mahali fulani ndani ya sauti yako, inakubali. Kwa hiyo unaanza chini, unapanda kama king'ora, lazima utaipitia njiani. Kikiwaka kijani, unanyamaza.

Jamani, nilipanda! Kutwa nzima napanda! Bi Saida, jirani yangu anayeuza madera, akaja mbio ameshika kikombe cha maji.

"Shoga, tumbo linauma?"

"Hapana, nasoma nota."

"Basi ziteme, zitakuua."

Siku ya kulinganisha simu ikafika. Mimi nimefika ngazi ya mwisho. Mama Doreen, aliyekuwa akiimba kila nota kwa uaminifu uani kwake, pembeni ya gereji, ameishia katikati. Kwaya ikanipigia makofi. Mama Doreen naye akapiga, kisha akanivuta kando.

"Shoga, unafanyaje? Nifundishe na mimi."

Nikamjibu, "Kipaji tu, mwenzangu."

Kipaji! Nikalitamka neno hilo nikimtazama machoni!

Baada ya hapo akaanza kukosa mazoezi. Nikasikia kahamia kwaya ile ile iliyotualika. Sikumfuata. Nilijiambia ana wivu.

Mazoezi ya pamoja yakafanyika kwenye ukumbi wa wenyeji, karibu na Posta. Mwalimu wao, mama mmoja mkali mwenye miwani ya kamba, akagawa karatasi za wimbo mpya ambao hakuna aliyewahi kuusikia. Mama Doreen nilimwona upande wa pili, kati ya wenyeji. Tukapungiana mikono kama watu waliokutana benki.

"Tuanze na sauti ya pili ya wageni," akasema yule mama wa miwani. "Kiongozi wenu nani?"

Wenzangu wakanisukuma mbele kwa fahari.

Nikaitazama nota ya kwanza. Nikaanza chini, nikapanda, nasubiri kijani.

Kijani kitoke wapi? Karatasi haiwaki!

Nikaendelea kupanda. Na kwa kuwa mimi ndiye kiongozi, wenzangu nao wakapanda nyuma yangu. Safu nzima ya akina mama ndani ya vitenge vya sare, tunapanda! Tukaipita sauti ya pili, tukaipita ya kwanza. Mpiga kinanda akaondoa mikono kama vile kinanda kimemuunguza.

Yule mama akapiga meza. "Akina mama! Mnapanda kwenda wapi?"

Pumzi zikatuishia huko huko juu. Ukumbi ukaangua kicheko, na mwalimu wetu akafunika uso kwa karatasi ya wimbo. Mtu mmoja tu hakucheka. Mama Doreen.

Wakati wa mapumziko nikamfuata nje, nikamweleza yote, hata mwayo.

"Mimi nilikwenda kupima masikio," akasema. "Daktari akaniambia ni mazima. Sikumwamini, nikaenda hospitali nyingine."

Nikakosa pa kuweka uso. Yeye akacheka kidogo, akafuta machozi kwa kona ya kitenge, kisha akanisonya.

Uongozi nilivuliwa siku hiyo hiyo. Kanisani sasa naitwa Mama Lifti, na juzi mchungaji mwenyewe alijisahau akaniita hivyo akisoma matangazo. Koo nalo limezoea ule mchezo. Nikiitikia "Amina" inapanda, watoto wa mbele wanageuka.

Mama Doreen simu zangu anapokea. Kurudi kwetu amekataa. Huko aliko ndiye anayeongoza sauti ya pili, na nikimsikia anavyoimba, roho inaniuma kwa vile sauti ile ilikuwa yetu.

Wenzangu mnaojifunzia kwenye simu, nawasihi! Imba nota yako mbaya mbele ya watu, wakucheke, wakurekebishe. Na rafiki akikuomba umfundishe, mwambie ukweli papo hapo. Wangu nilimwacha azunguke hospitali na masikio yake mazima.