Mgeni wa Chumbani

Fundi madirisha huyu walimpachika jina la Milimita, kwa sababu hakuna kitu alichokiacha bila kukipima. Ukimwambia pengo ni dogo, atakuuliza dogo kiasi gani. Mtaa mzima ulisifu madirisha yake ya alumini, yalivyofungika kimya bila kupitisha hata vumbi. Nyumbani kwake ndiko hakukuwa na dirisha hata moja lililokaa sawa. La chumbani, linalopigwa na jua mchana kutwa, lilikuwa na upenyo chini ya fremu, na mkewe alikwisha kumwambia tangu mwaka waliohamia. "Nitaziba," husema. Basi ikabaki hiyo hiyo nitaziba.

Alichokipima kwa bidii kuliko kioo ni mke wake. Tusifichane, bwana huyu alikuwa na wivu wa kupindukia. Mkewe alifanya kazi kwenye kitalu cha miche, na kutoka kitaluni hadi mlangoni kwao ni dakika kumi na nane kwa mwendo wa kawaida. Zikifika ishirini na tano, Milimita yuko barazani roho juu, akijitia anasafisha viatu. Aliwahi kumwonea wivu muuza viatu aliyemshika mkewe kisigino. Aliwahi kumwonea wivu fundi cherehani, na hapo ndipo alipoharibu: alikwenda dukani akampokonya mzee wa watu utepe wa kupimia, mbele ya wateja. Siku ile mkewe alishusha begi kutoka juu ya kabati, akaanza kukunja nguo zake moja moja bila kelele. Dada yake Milimita ndiye aliyemsihi hadi akabaki.

"Nabaki, wifi," alisema. "Lakini mwambie kaka yako, mara moja tena, nakwenda kwetu na sirudi."

Milimita akala kiapo. Miezi minane alijikaza kisabuni.

Baridi ilipoanza, mkewe naye akaanza simu za barazani. Alikuwa akizungumza na Bwana Shamba, mtaalamu aliyekuwa akija kitaluni kukagua miche. Jumatano moja Milimita aliwahi kurudi, akapitia mlango wa nyuma, akaingia chumbani kubadili shati. Mkewe alikuwa amekaa nje, chini ya dirisha. Sauti yake ikapita kwenye ule upenyo, neno kwa neno.

"Huyu mgeni amenichanganya kabisa, Bwana Shamba. Ni mkubwa kuliko wa kwetu, halafu anang'aa. Wa kwetu nimemzoea, hana neno... Eeh, mpaka chumbani. Anaingia mchana, jua likiwaka. Anapenda joto, anajibanza palepale kwenye pazia. Ukimshikashika anaacha harufu mpaka kwenye shuka." Akacheka. "Mume wangu? Hana habari. Basi njoo Jumamosi, saa nne, umwone mwenyewe. Yeye atakuwa kazini."

Milimita aliketi kitandani. Wa kwetu hana neno. Miaka kumi na minne ya ndoa, na sifa yake yote ndiyo hiyo! Akainamia shuka akanusa. Kweli, kulikuwa na harufu kali asiyoijua. Na kwenye foronya, upande wa dirishani, palikuwa na doa la manjano. Akatoa futi akalipima. Milimita nne.

Siku mbili zile alisukuma sahani kando. "Unaumwa?" mkewe aliuliza. "Siumwi," alijibu, akamkata jicho. Alhamisi asubuhi alijisimamisha kwenye mwimo wa mlango akajipima urefu, maana maneno "mkubwa kuliko wa kwetu" yalikuwa yanamtafuna. Alitoka mfupi kuliko alivyokuwa akiwaambia watu.

Jumamosi aliaga kama kawaida, akabeba begi la vifaa, akazunguka mitaa hadi ikafika saa nne na dakika tano. Alipokaribia nyumba aliona kiatu cha kiume mlangoni. Kilikuwa kirefu. Damu ikamchemka, kiapo cha miezi minane na begi la mkewe vikamtoka akilini, akaupiga mlango wa chumbani teke.

Mkewe alikuwa amesimama juu ya kitanda, pazia mkononi. Bwana Shamba alikuwa dirishani, mtu mrefu na, kwa bahati mbaya, mzuri wa sura.

"Yuko wapi?" Milimita alifoka.

Mkewe alimtazama usoni, akashusha macho hadi kwenye ngumi zake, akaelewa kila kitu. Akageuka kwa mgeni wao akatabasamu.

"Anawaulizia wadudu. Nao wamemkera kweli, maskini." Akampa mumewe kichupa. "Huyu hapa."

Ndani ya kichupa kulikuwa na kidudu cha mviringo, mgongo wa rangi ya chungwa wenye madoa meusi. Na juu ya dirisha, pale pazia lilipokuwa likificha, walikuwa wenzake mamia wamesongamana. Lugha yetu haina ubaguzi, mtu anaingia na mdudu naye anaingia, na bwana wa watu alikuwa amejitesa siku tatu kwa ajili hiyo.

"Karibu, fundi," alisema Bwana Shamba, ambaye hakujua lolote, akampa lenzi. "Usimtambue kwa madoa, hayo hubadilika, wengine hawana kabisa. Hata rangi si hoja. Tazama nyuma ya kichwa, pale peupe. Unaona herufi M?"

Milimita aliiona. Nyeusi, imenyooka vizuri.

"Wa kwetu hana hiyo. Ni mdogo, anakaa shambani na vidukari wake, wale wafyonza majani, nyumba za watu hazimhusu. Huyu naye hula vidukari, ndiyo maana akaletwa nchi nyingi awasaidie wakulima. Akazaana, sasa anakula hata mayai ya wenyeji. Baridi ikija anatafuta ukuta wenye jua. Akipata upenyo anaingia, na harufu yake inawaita wengine. Msimponde, akishtuka anatoa yale maji ya manjano. Wafagieni polepole kwenye ndoo ya maji ya sabuni, halafu mzibe." Akapitisha kidole chini ya fremu, kidole kikatokea nje. "Ni fundi gani aliwawekea hili?"

Milimita akamrudishia lenzi.

Alipokwisha kuaga, mke alifunga mlango.

"Hukuwa unaulizia wadudu," alisema.

Milimita alitazama chini. "Nilikusikia. Kwenye upenyo."

"Miaka minne nimekuambia kuhusu upenyo huo. Yule mtu nimemwambia mara moja tu, akaja." Alisema bila kupandisha sauti, na Milimita angependa apandishe. "Begi langu liko juu ya kabati. Leo sitalishusha. Ziba dirisha."

Aliziba. Aling'oa fremu yote, akafagia wadudu kwenye ndoo, akapima, akapima tena, akaipanga upya na kuipitishia silikoni pande zote nne. Haijapata kutoka mikononi mwake kazi safi kama ile. Jua lilikuwa linaelekea kushuka alipofunga kioo, na kelele zote za mtaa zikakatika.

Nje, barazani, simu ya mkewe iliita. Akaipokea. Milimita aliona midomo yake ikicheza, akaona akicheka, akaona akishika shavu kama mtu anayesifiwa. Hakusikia kitu. Akasogeza sikio hadi likagusa kioo. Hakusikia hata mnong'ono.

Bisibisi ilikuwa mkononi. Kuilegeza fremu kidogo ingemchukua nusu dakika, milimita mbili tu zingetosha.

Mkewe aligeuka, akamwona. Hakukata simu. Alimtazama kwa muda mrefu, kisha akampungia mkono, akampa mgongo, akaendelea kuzungumza.

Milimita naye akaupungia mkono ule mgongo. Akairudisha bisibisi kwenye begi la vifaa, akakaa kitandani, akasubiri amalize, akihesabu dakika.